Gemu Kwenye Diski C: Maswali Yanayoulizwa Kila Mara na Majibu Yake

Maswali haya yanarudi kila wiki na mengi yanatoka kwa watu wenye hali inayofanana, laptopu ya mtumba iliyotoka ofisini, EliteBook au Latitude au ThinkPad, ndani ina SSD (diski ya kisasa yenye kasi, haina kinachozunguka) moja ya GB 256, diski ni moja tu inaitwa C, na mtu anataka kucheza. Majibu nimeyaandika nikiwafikiria nyie kwanza. Wenye PC ya diski tatu nne mtachukua yanayowahusu.

Fundi kaniambia gemu haziwekwi C, kompyuta itakuwa nzito. Ni kweli?

Si kweli kwa jinsi inavyosemwa. Gemu ikiwa imekaa tu kwenye diski haifanyi kazi yoyote, haili RAM, haili prosesa, imelala pale kama faili jingine lolote. Kinachofanya kompyuta iwe nzito ni C kujaa mpaka shingoni, na hapo haijalishi imejaa gemu au muvi au picha za harusi.

Ushauri wa "usiweke C" ulikuwa na maana yake zamani, enzi za HDD (diski za zamani zinazozunguka) na Windows XP, fundi alikuwa anagawa diski mbili ili siku akija kupiga Windows upya anafuta C tu na vitu vyako vya D vinabaki salama. Sababu ilikuwa hiyo. Sa watu wakabeba ushauri wakaacha sababu. Kama SSD yako ni moja na ndo yenye C, weka gemu hapo hapo na wala usiwe na wasiwasi, tena ndo diski yenye kasi kuliko zote ulizonazo.

SSD ni ya 256 ila kompyuta inasoma 238, nimeibiwa?

Hujaibiwa. Kiwanda kinahesabu GB moja kwa elfu elfu, Windows inahesabu kwa 1024, kwa hiyo 256 inasomeka 238, 512 inasomeka 476 na TB 1 inasomeka 931. Kila mwenye Windows anaona hivyo. Ukiona namba iko chini sana kuliko hapo, ndo uanze kuuliza maswali.

Niache nafasi kiasi gani wazi kwenye C?

Mimi nashikilia asilimia 15 mpaka 20. Kwenye hiyo 238 ni kama GB 35 hadi 48. Najua inauma, mtu unaona nafasi imekaa bure na gemu iko pale inakuita, ila hiyo nafasi haijakaa bure hata kidogo. Windows inahitaji pa kushushia apdeti zake, ramu ikizidiwa inahamishia vitu kwenye faili la pagefile ambalo liko C, na SSD yenyewe ikibanwa inapunguza kasi ya kuandika kwa sababu haina pa kupangia data, hasa hizi SSD za bei ndogo. Ukicheza gemu nzito kwenye mashine ya RAM 8GB huku C imebaki na GB 3, gemu itakwamakwama, na pengine itajifunga yenyewe bila kukuambia chochote, we utalaumu kadi ya grafiki wakati tatizo ni nafasi.

Gemu imeandikwa 60GB, mimi nina 65 wazi, mbona inagoma?

Kwa sababu gemu nyingi wakati wa kuwekwa zinahitaji zaidi ya ukubwa wake wa mwisho. Mzigo unashuka ukiwa umebanwa, halafu unafunguliwa, na kuna kipindi vyote viwili vipo kwenye diski kwa wakati mmoja. Gemu za kwenye setapu zilizobanwa sana ndo balaa zaidi, setapu yenyewe inaweza kuwa GB 25 na ikifunguka inakula 60, ukiwa umeweka setapu hapo hapo C unahitaji nafasi ya vyote viwili. Setapu ikae kwenye eksteno (diski ya nje ya kuchomeka USB), gemu iende C.

Apdeti nazo hivyo hivyo. Unaweza kuona apdeti ya GB 2 lakini Steam (ile programu ya kununulia na kushushia gemu) inadai nafasi ya GB 30, hiyo ni kwa sababu gemu ina mafaili makubwa makubwa na inabidi yatengenezwe upya kabisa pembeni kabla ya kubadilishwa na ya zamani.

Ili ujue unachoingia, ukurasa wa Red Dead Redemption 2 kwenye Steam unataka GB 150, Baldur's Gate 3 nayo 150, Starfield 125 na imetaja kabisa kwamba lazima SSD, Cyberpunk 2077 ni 70. Kwa SSD ya 256 ukishaweka Windows na Office na vikorokoro vingine mara nyingi unabaki na 170 au 180 hivi, kwa hiyo hizo kubwa ni moja tu kwa wakati, na za 150 zitagusa hata ile akiba ya asilimia 15. Chagua moja, imalize, itoe, weka nyingine. Kwa upande mwingine GTA San Andreas haifiki hata GB 5 na Stardew Valley ni chini ya GB 1, hizo weka hata kumi.

Nigawe SSD nitoe D ya gemu?

Kwenye SSD ya 256 usigawe. Kasi haiongezeki, ni diski ile ile moja, unachopata ni vyumba viwili vyote vidogo, utafika mahali C imebaki na GB 8 na D imebaki na GB 20 na gemu ya 25 haiingii popote wakati jumla unayo nafasi ya kutosha. Kwenye TB 1 sawa, kuna faida ile ya zamani ya kupiga Windows bila kugusa gemu, nakubali. Ila pale pale kwenye TB 1 bado naona bora ununue diski ya pili.

Ndani ya C niweke folda gani?

Tengeneza folda yako, C:\Gemu au C:\Games, weka humo. Ile Program Files ina ulinzi wa Windows, gemu mpya hazina shida nayo lakini gemu za zamani zinazoandika sevu (rekodi ya ulipofikia) au seting ndani ya folda lake zenyewe zitasumbua, na wewe ukitaka kubadilisha mafaili kwa ajili ya modi au pachi (nyongeza na marekebisho yanayotengenezwa na wachezaji) kila hatua utaulizwa ruhusa. Wanaocheza PES 2017 na pachi za vikosi vipya wananielewa hapa. Na jina la folda liwe fupi, bila alama za ajabu, gemu za zamani zinakataa njia ndefu.

Steam imejiweka Program Files, naihamishaje gemu?

Huna haja ya kuhamisha Steam nzima. Fungua Steam, nenda Settings halafu Storage, hapo utaona diski zako zote na gemu zilizo ndani yake. Ongeza diski unayoitaka, chagua gemu, bonyeza Move, subiri. Usikate na kubandika kwa mkono wakati Steam iko wazi, itaona gemu haipo na itaanza kudai ishushwe upya.

Epic, duka lingine la gemu, ni hadithi nyingine. Njia ya watu wengi ni kunakili folda la gemu pembeni, kutoa gemu kwenye Epic, kuanza kuiweka upya sehemu mpya, ikishaanza kushuka asilimia moja mbili unaisimamisha, unarudishia mafaili yako kwenye folda jipya, unaendelea. Itakagua kilichopo na kushusha kilichopungua tu. Za Xbox zinahamishwa kupitia orodha ya programu kwenye seting za Windows, hizo usizichezee kwa mkono kabisa.

Rafiki yangu anayo gemu tayari, naweza kuchukua kwake nisimalize bando?

Ndiyo, na hili ndo jambo ambalo natamani kila mtu alijue maana watu wanaunguza mabando bila sababu.

Njia ya kwanza ni ya fleshi au eksteno. Kwake fungua folda la Steam, ingia steamapps, ingia common, nakili folda la hiyo gemu zima. Kwako libandike kwenye steamapps\common ya kwako, jina lile lile usibadilishe herufi, halafu bonyeza kuiweka kama kawaida. Steam itakuta mafaili yapo, itayakagua, itashusha vipande vilivyopungua basi. Lazima gemu uwe nayo kwenye akaunti yako, kunakili mafaili hakukupi umiliki. Kama ni ya bure kama Dota 2 au Counter-Strike 2 hapo huna cha kuwaza.

Njia ya pili iliingia Steam mwaka 2023, kompyuta mbili zikiwa kwenye waifai moja au zimeunganishwa kwa waya wa mtandao zinapeana gemu zenyewe. Iko Settings, sehemu ya Downloads, kuna kipengele cha kuhamisha gemu kwenye mtandao wa ndani. Wote muwe mmeingia Steam, na yeye aruhusu marafiki wachukue kwake. Mzigo wenyewe unatoka kwake, intaneti inatumika kidogo tu kwa ukaguzi. Hosteli moja yenye watu watano wanaocheza gemu moja, mmoja anashusha usiku kwa bando la usiku na wanne wanachukua kwake asubuhi. Tumieni waya mkiweza, waifai ya ruta ndogo inachoka haraka.

Kitu kimoja kuhusu fleshi, kama imefomatiwa FAT32 haikubali faili moja linalozidi GB 4, na gemu za siku hizi zina mafaili ya GB 10. Utaambiwa faili ni kubwa mno wakati fleshi ina nafasi kibao. Ifomati exFAT au NTFS, ukishatoa kwanza vilivyomo maana kufomati kunafuta kila kitu.

Umeme ukikatika katikati ya kushusha je?

Steam, Epic na Xbox zinaendelea pale zilipoishia, usifute kitu. Ukiona gemu haifunguki baada ya hapo, kwenye Steam bonyeza gemu kwa kulia, Properties, Installed Files, halafu ukaguzi wa mafaili, itatafuta yaliyoharibika na kushusha hayo tu. Kabla hujafuta gemu ya GB 70 na kuanza moja, fanya hiki kwanza, jamani.

Na kwa wanaohesabu muda, spidi inayotangazwa ni ya Mbps, unagawa kwa 8. Mbps 10 ni MB 1.25 kwa sekunde, gemu ya GB 70 ni masaa 15 na nusu kama spidi haijashuka kabisa, na itashuka tu.

Bando linaisha lenyewe, gemu zinajiapdeti usiku. Nazizuiaje?

Kwenye seting za Steam za Downloads weka ratiba ya saa ambazo apdeti zinaruhusiwa, na kwa kila gemu unaweza kuchagua isijiapdeti mpaka utakapoifungua. Pia ondoa Steam kwenye programu zinazojiwasha pamoja na Windows. Ila gemu za mtandaoni zitakulazimisha tu siku ukizifungua, seva haikubali toleo la zamani.

Sevu zangu ziko wapi? Nikitoa gemu zinafutika?

Hili lisome polepole. Gemu unaweza kushusha tena hata mara mia, sevu ya masaa 80 hakuna seva ya kuirudisha kama haikuhifadhiwa popote.

Gemu nyingi haziweki sevu ndani ya folda la gemu, zinaweka kwenye folda la mtumiaji ndani ya C, hata kama gemu yenyewe uliiweka D au E. GTA V iko Documents, ndani ya Rockstar Games. San Andreas iko Documents, folda la GTA San Andreas User Files. The Witcher 3 iko Documents. Football Manager iko Documents, ndani ya Sports Interactive. PES 2017 iko Documents, ndani ya KONAMI. Cyberpunk 2077 iko kwenye folda la Saved Games. Stardew Valley imejificha AppData, kuifikia bonyeza batani ya Windows na R, andika %appdata%, bonyeza Enter, utaona folda la StardewValley. Nyingine ziko AppData lakini kwenye Local au LocalLow, rudi hatua moja nyuma utayaona hayo mafolda.

Kwa hiyo ukitoa gemu kwa njia ya kawaida, sevu mara nyingi inabaki. Lakini fundi akija kupiga Windows upya na akafomati C, sevu zote zinaondoka, hata za gemu zilizokuwa salama kabisa kwenye D. Hapa ndo watu wengi wanalia. Mtu anamwambia fundi "D usiiguse, gemu zangu ziko huko", fundi kweli haigusi, gemu zipo zote, na kila moja inaanza mwanzo.

Kabla ya kompyuta kwenda kwa fundi, nakili Documents, Saved Games na AppData nzima kama eksteno inaruhusu. Steam ina hifadhi ya mtandaoni lakini si kila gemu inaitumia, angalia alama ya wingu kwenye ukurasa wa gemu na uhakikishe imeshamaliza kupandisha kabla hujazima mashine. Gemu za setapu za mtaani hazina wingu lolote, hizo ni wewe na eksteno yako.

Wa Windows 11 mwangalie kitu kingine, Documents yenu inaweza kuwa imehamishiwa OneDrive bila nyie kujua. Akaunti ya bure ina GB 5 tu, ikijaa haipandishi tena, na baadhi ya gemu zinagombana nayo kwenye sevu. Wanaoendesha mabasi ya kwetu kwenye Euro Truck Simulator 2 wajue folda la modi nalo liko Documents, modi zikifika GB kadhaa OneDrive inajaa siku hiyo hiyo. Zima uhifadhi wa Documents kwenye OneDrive au uache ukijua unachofanya.

C inajaa na sijaongeza gemu yoyote, nini kinakula?

Usibahatishe, shusha WizTree au WinDirStat, zote ni za bure, zitakuonyesha folda gani linakula kiasi gani. Wahusika wa kawaida ni hawa: Windows.old inayobaki baada ya apdeti kubwa, hiyo Windows inaifuta yenyewe baada ya siku 10 au uifute mapema kupitia Disk Cleanup. Hiberfil.sys, faili la kulaza kompyuta, kwenye RAM 16GB linaweza kufika GB 6 hivi, kama huitumii hiyo hali fungua Command Prompt kama msimamizi uandike powercfg /h off linaondoka. Halafu folda la Downloads lenye setapu za tangu mwaka juzi, na video za gemu ulizorekodi ukasahau.

Usifute chochote ndani ya folda la Windows kwa mkono. Hata kama video fulani imekuambia.

Nikifuta folda la gemu moja kwa moja si sawa tu?

Kama uliinakili tu kutoka kwa mtu na haikuwa na setapu, sawa, futa. Nyingine itoe kupitia Steam au kupitia orodha ya programu za Windows, halafu ndo ufute folda lililobaki, maana modi na pachi ulizoongeza wewe mara nyingi hazitolewi.

Naweza kucheza gemu ikiwa kwenye eksteno?

Unaweza, kwa gemu za zamani na ndogo. HDD ya eksteno inasoma MB 100 mpaka 150 kwa sekunde wakati SSD ya kawaida ya SATA (aina ya zamani kidogo) ni kama 550, na NVMe (aina mpya yenye kasi zaidi) inaanzia elfu kadhaa. Gemu za dunia kubwa kwenye HDD utaona barabara inatokea baada ya gari kupita. Hakikisha umechomeka tundu la USB 3, ile ya USB 2 inabana hata HDD yenyewe. Kwenye fleshi ya kawaida usicheze kabisa, hifadhia tu.

Matumizi yangu ninayoyapendekeza, eksteno iwe stoo na C iwe uwanja. Gemu unayocheza sasa iko C, zilizobaki zimelala eksteno, ukitaka kubadilisha unahamisha kwa Steam dakika kadhaa, hakuna bando linalotumika.

Nimeweka gemu inasema MSVCP140.dll au VCRUNTIME140.dll haipo.

Weka Visual C++ Redistributable kutoka tovuti ya Microsoft yenyewe, ya x64 na ya x86 zote mbili, zima uwashe. Usiende kwenye tovuti zinazogawa faili moja moja la dll, hapo ndo watu wanapookota virusi.

Gemu za kuwekewa kibandani kwa buku mbili tatu, zina shida?

Zinavunja haki za waliozitengeneza, hilo lipo wazi. Kwa upande wa kompyuta yako, tatizo kubwa ni kwamba kabla ya kuwekewa unaambiwa zima antivairasi, na huwezi kujua kilichopita kwenye ile fleshi iliyozunguka mashine mia. Mashine hiyo hiyo ndo ina benki yako na akaunti zako. Kuna gemu nyingi za bure halali, Epic inatoa gemu za bure kila wiki tangu siku nyingi, na punguzo za Steam zinashusha gemu za miaka ya nyuma kwa kiasi kikubwa. Laptopu zetu hizi zinazimudu hizo za miaka ya nyuma kuliko mpya.

Nataka kuongeza SSD, niangalie nini?

Fungua mfuniko au tafuta muundo wa laptopu yako ujue ina tundu gani. M.2 (SSD nyembamba kama kijikadi) ziko za SATA na za NVMe, kwa macho karibu zinafanana na tundu lingine linakubali aina moja tu. Laptopu za zamani zenye sehemu ya CD unaweza kutoa CD ukaweka kedi (fremu ya kushikia) ya diski ya pili, ila weka SSD kwenye nafasi kuu na HDD ya zamani kwenye kedi.

Ukinunua ya mtumba dai ifunguliwe CrystalDiskInfo hapo hapo dukani, inaonyesha afya ya diski na masaa iliyofanya kazi. Na ukiona SSD au fleshi ya TB 2 inauzwa bei ya chakula cha mchana, achana nayo, zimechezewa zisome ukubwa ambao hazina, unaandika data na inapotea. Programu ya H2testw inajaza diski nzima na kuisoma tena, ifanyie hiyo kabla muda wa kurudisha haujaisha.

Nimepigiwa Windows upya, gemu za D zipo lakini Steam haizioni.

Weka Steam upya, ingia kwenye akaunti, nenda Settings, Storage, ongeza lile folda la zamani lenye steamapps ndani yake. Gemu zitarudi zote kwenye orodha, nyingine zitaomba kuweka vikorokoro vya DirectX mara ya kwanza ukizifungua, ruhusu. Sevu zirudishe kwenye Documents na AppData kabla hujafungua gemu, na kama Steam ikikuuliza uchague sevu ya wingu au ya kwenye kompyuta, angalia tarehe za zote mbili kwanza ndo ubonyeze.